Nilikwenda Kumtafuta Popobawa

Akina mama wenzangu, mtu akiniona wodini katika sare yangu nyeupe anadhani mimi sijui kuogopa giza. Hata majirani huniita nikakague chumba watoto wanapodai wameona kitu. Huwa nakwenda. Lakini kabla ya kuingia nasimama kwanza mlangoni na kunusa, kisha natazama madirisha. Tabia hiyo ina historia yake, na leo nataka kuwasimulia, ingawa kwa sehemu kubwa ni historia ya aibu yangu.

Wale mliokuwa mmeshapata akili mwaka 1995 mtakumbuka habari za Popobawa. Zilianzia Pemba, zikavuka hadi Unguja, kisha zikafika huku kwetu Dar es Salaam. Jina lenyewe lajieleza, popo na bawa. Watu walisema ni pepo ajaye usiku, kwamba hutanguliwa na harufu mbaya, humlalia mtu kifuani hata sauti isitoke, na huwadhalilisha watu wazima, wake kwa waume. Tena ilisemekana kwamba aliyetendewa asipowatangazia wenzake, atarudiwa. Hebu fikirini hapo kidogo. Ni ugonjwa gani utakaoenea upesi kuliko ule ambao dawa yake ni kuusimulia?

Mimi nilikuwa msichana wa miaka 16, kwetu Tandika. Tulilala nje kwa mikeka, wasichana katikati, akina mama pembeni, na baba zetu wakikoka moto na kuzungumza kwa sauti kubwa kuliko kawaida yao. Kwa kweli nilifurahia, maana ilikuwa kama sikukuu. Sikujua kwamba mwaka huo huo, huko Unguja, mtu mmoja mwenye ugonjwa wa akili aliuawa na kundi la watu waliodhani ndiye Popobawa mwenyewe. Hilo nilikuja kulisoma nikiwa mtu mzima. Nilisoma pia kwamba Mmarekani mmoja, Joe Nickell, ambaye kazi yake ilikuwa kuchunguza mambo ya mizimu, aliandika mwaka huo kwamba yaliyosimuliwa Pemba yanafanana sana na lile jambo tunaloliita jinamizi: akili inaamka kabla ya mwili, macho yanaona chumba, lakini mikono na miguu bado imefungwa na usingizi, na mtu anahisi kuna kitu kimemkalia. Hudumu sekunde chache au dakika chache, kisha hupita. Mimi mwenyewe limeshanipata mara mbili baada ya zamu ndefu za usiku.

Basi habari zile zilipozuka upya jijini, Februari 2007, nilikuwa tayari na jibu langu mfukoni. Nilikuwa na miaka 28, nina mume na mtoto mmoja, nina stashahada yangu ya uuguzi, na nilikuwa nahudumu katika umoja wa akina mama kanisani kwetu Mbagala. Mitaani huku Temeke watu walianza tena kulala nje. Mimi nililala ndani na madirisha wazi, na nilihakikisha majirani wanajua.

Rafiki yangu alikuwa anakaa nyumba ya tatu kutoka kwangu. Mumewe alikuwa dereva wa lori, anakwenda kusini kwa njia ya Kilwa, na mara nyingi hakuwepo usiku. Walikuwa na binti wa miaka 9, mvulana wa miaka 6, na mtoto mchanga wa miezi mitano. Pamoja nao aliishi mama mzaa baba, ambaye mtaa mzima tulimwita Bibi. Alikuwa ametoka Shinyanga mwaka uliotangulia kuja kumsaidia mkwewe kulea. Alikuwa mama mnyamavu, mrefu, anayetembea kwa kuburuta ndala zake, na macho yake yalikuwa mekundu.

Masika yalipoanza mwezi wa Machi, waliokuwa wakilala nje wakaingia ndani. Hapo ndipo taabu ya nyumba ile ilipoanza. Rafiki yangu alinijia asubuhi moja, uso umemvimba.

"Sista, tumekabwa," alisema. "Mimi na watoto, wote."

Alinieleza kwamba usiku alisikia kifua kizito, kichwa kinagonga, na kulikuwa na mtu anatembea koridoni. Alitaka kuamka, miguu ikakataa. Binti aliona kivuli mlangoni. Mvulana aliamka akatapika. Nikamketisha, nikampa chai, nikamweleza habari yote ya jinamizi kama nilivyofundishwa, nikamshauri alale ubavu na apunguze uchovu. Watoto nikawaandikia wapimwe malaria. Vijidudu havikuonekana, nasi tukawapa dawa hivyo hivyo, kama wengi tulivyokuwa tukifanya wakati ule. Nikajisikia nimefanya kazi yangu vizuri sana.

Ninapoikumbuka asubuhi ile nasikia joto usoni. Watoto wale walikuwa wagonjwa alfajiri, lakini ikifika saa 4 asubuhi wako shuleni wanaruka kamba. Ni malaria gani hiyo inayopona kila siku kabla ya uji? Na jinamizi ni la mtu mmoja mmoja. Tangu lini likawakaba watu wanne katika usiku mmoja, kisha likamtapisha mtoto? Maswali hayo yalikuwa mbele yangu nami sikuyauliza, kwa sababu jibu nililokuwa nalo lilinipendeza.

Wenzetu katika umoja waliamua twende tukaombe. Tulikwenda siku ya Alhamisi mchana, tukaimba, tukaomba chumba kwa chumba, milango yote wazi. Tulibeba chakula, na familia ilikula hicho hicho usiku. Walilala salama. Jumapili yake tulitoa shukrani kanisani. Nami sisemi maombi yale hayakufaa kitu, la hasha. Nasema tu kwamba usiku ule hakuna aliyewasha jiko katika nyumba ile, na hakuna hata mmoja wetu aliyeliona hilo.

Usiku uliofuata mvua ikanyesha na mambo yakarudi. Baba mwenye nyumba naye alikuwepo safari hii, akakabwa kama wengine, akaamka anatetemeka. Paka wao akakutwa amekufa chini ya kabati. Tulipokutana tena, dada mmoja akauliza kwa sauti ya chini, "Kwani Bibi yeye hakabwi?"

Hakuna aliyejibu. Ilikuwa kweli. Katika nyumba ile nzima Bibi peke yake alikuwa anaamka mzima. Halafu mwingine akasema, "Na yale macho."

Wale mliozaliwa Shinyanga au Mwanza mnajua maneno hayo yanakokwenda. Kwa miaka mingi vikongwe wa kanda ile wamekuwa wakiuawa kwa kudhaniwa wachawi, na macho mekundu yakawa ndiyo ushahidi. Macho hayo yanatoka jikoni. Mwanamke akikaa miaka 50 anapuliza moto wa kuni katika kibanda kisicho na dirisha, au wa kinyesi cha ng'ombe mahali ambapo kuni zimekwisha, moshi utamwashia macho mpaka yawe mekundu. Ni mshahara wa kuwapikia watu. Mimi nilikuwa nalijua jambo hilo, tulilisoma chuoni. Ningeweza kulisema pale pale katika kikao cha akina mama, kwa sentensi mbili. Nikatazama mikono yangu. Nilijiambia kwamba mambo ya mtu na mkwewe hayaingiliwi.

Baada ya siku chache ikaamuliwa Bibi arudi kwao "akapumzike." Jioni ya kuamkia safari alikuja kwangu kurudisha sahani yangu. Hakuketi.

"Mwanangu," aliniambia, "wewe umesoma. Waambie hawa watoto kwamba mimi sina kitu."

Nilimjibu nini? Nilimwambia, "Nenda ukapumzike, Bibi. Watatulia." Alinitazama kwa muda na macho yake yale, akaiweka sahani juu ya ndoo, akaondoka. Alfajiri mwanawe akampeleka Ubungo, ambako mabasi ya mikoani yalikuwa bado yanaondokea.

Nilikuwa sijafikiri, au sikutaka kufikiri, maana yake ni nini kumrudisha mama mzee Shinyanga na sifa kama ile mgongoni. Simu za mkononi zilikuwa zimeshaenea. Maneno yalifika kabla ya basi.

Juma moja likapita, likaja juma la mvua kubwa. Rafiki yangu akanijia tena, safari hii amembeba mtoto mchanga ambaye alikuwa ananyonya kwa uvivu. Nilidhani sasa atasema, "Kumbe hakuwa Bibi." Hakusema hivyo. Alisema, "Sista, ameondoka lakini mzigo wake ameuacha."

Hapo ndipo nilipoona jinsi tulivyokuwa tumemfunga yule mama. Akiwepo, ni yeye. Asipokuwepo, bado ni yeye. Na elimu yangu ya jinamizi haikuwa imemsaidia mtu yeyote. Nikamwambia, "Leo nalala kwako." Mume wangu alicheka, akasema nikimkuta Popobawa nimwambie alipe kodi ya nyumba, na mtoto wetu akabaki naye.

Nilichukua daftari la shule, kalamu, kipimajoto na simu yangu ya tochi. Nilikuwa nimekusudia kuandika kila kitu na saa yake, kama tunavyoandika katika faili la mgonjwa. Nyumba ilikuwa ya vyumba vinne, viwili kila upande, korido katikati. Desemba iliyopita walikuwa wamepigilia dari jipya, zuri, limebana kila pembe. Zamani kuta zilikuwa haziishii kwenye bati na hewa ilikuwa inapita juu. Madirisha ya chumbani walikuwa wameyafunga na kuyaziba kwa matambara ili yule kiumbe asipate tundu. Chini ya mlango wa mbele walikuwa wameweka khanga iliyokunjwa.

Rafiki yangu alikuwa anauza chapati na maharage asubuhi kituoni. Maharage huchemshwa usiku. Siku zote jiko lake lilikaa uani, lakini tangu habari zile zianze hakuna aliyethubutu kwenda uani gizani, tena na mvua, basi jiko likahamia koridoni. Alikuwa analijaza mkaa, anasubiri moshi uishe, anateleka sufuria kubwa na kulala. Juu ya kaa mojawapo alitupia ubani, wa kufukuzia pepo. Yote haya niliyaona kwa macho yangu. Niliyaandika hata kwenye daftari: "Saa 3.20, ameteleka maharage, ubani, harufu nzuri." Kisha nikageuza ukurasa.

Nililala kitanda kimoja na rafiki yangu, mtoto mchanga katikati yetu, wakubwa wawili kwenye godoro chini. Mlango wa chumba uliachwa wazi kidogo ili mama asikie sufuria ikikauka. Mvua ilikuwa inapiga bati. Saa 5 wote walikuwa wamelala. Saa 6.15 niliandika kwamba kichwa kinaniuma kidogo, labda uchovu. Saa 7 niliandika jambo hilo hilo, bila "kidogo."

Yaliyofuata sina hakika na mpangilio wake. Nilisikia mtu anatembea koridoni. Hazikuwa hatua za mwizi, zilikuwa hatua za pole pole, za ndala zinazoburutwa sakafuni. Nilizijua zile ndala. Mwili wangu wote uliganda. Kifua kilikuwa kimewekewa gunia. Nilitaka kuomba, na ulimi ukawa mzito kama umechomwa sindano ya ganzi. Nikawaza, kumbe ni kweli, na amekuja kwangu kwa sababu mimi ndiye niliyemwambia aende akapumzike.

Daftari lile ninalo mpaka leo. Mstari wa mwisho umeandikwa kwa mwandiko wangu, umepinda na kushuka hadi nje ya ukurasa. Unasema: "Bibi yupo koridoni." Sikumbuki kuuandika.

Kilichoniokoa haukuwa ushujaa, ilikuwa mazoea ya wodini tu. Mkono wangu ulikwenda wenyewe kumgusa mtoto. Kichanga ukimwekea kidole kiganjani mara nyingi hukishika. Huyu hakushika. Nilimtikisa, kichwa kikaanguka upande. Hasira ikanipanda, nikashuka kitandani kwa magoti, nikaenda mlangoni kumwambia Bibi amwachie mtoto. Nawaambia ukweli, nilikwenda kupambana na yule mama mzee.

Koridoni hapakuwa na mtu. Palikuwa na jiko, mkaa wake mwekundu kabisa, safi, bila uzi wa moshi, na juu yake sufuria ya maharage inatokota pole pole, mfuniko unacheza na kukwaruza. Nilikwenda kwa kushika ukuta hadi mlango wa mbele, nikaivuta ile khanga kwa mguu, nikafungua komeo, nikaanguka barazani. Mvua ilinipiga usoni. Sijui nilivuta pumzi ngapi kabla akili haijarudi, lakini iliporudi ilirudi yote kwa pamoja, kama umeme baada ya mgao.

Nilirudi ndani nikiwa nimebana pumzi, nikamtoa mtoto. Kisha nikapiga kelele za mwizi. Niliita mwizi kwa sababu usiku ule ningeita Popobawa hakuna ambaye angefungua mlango wake. Walikuja na mapanga na marungu, wakawatoa mama na watoto wawili wakiwa wamelegea kama nguo mbichi. Jirani mwenye teksi alitukimbiza hospitali na mkono wake mmoja ukiwa kwenye honi. Mtoto alipewa oksijeni usiku kucha. Karibu na alfajiri alilia. Mama mjue, sijawahi kusikia wimbo wa kwaya uliozidi kilio kile.

Gesi iliyotukaba inaitwa kaboni monoksaidi. Hutoka katika kitu chochote kinachowaka bila hewa ya kutosha, na mkaa ni mmoja wa wazalishaji wake wakubwa. Haina rangi, haina harufu. Sisi akina mama tumezoea kusubiri moshi uishe ndipo tuingize jiko ndani, tukidhani hatari imekwisha. Kumbe mkaa ule mwekundu mzuri usio na moshi ndio unaoendelea kuitoa kimya kimya. Ikiingia mapafuni hushikamana na damu kwa nguvu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni, kwa hiyo damu inazunguka mwilini mikono mitupu. Huanza na kichwa kuuma, kizunguzungu, kichefuchefu. Halafu miguu inakuwa mizito, kifua kinabana, na akili inaanza kuona na kusikia mambo yake. Halafu mtu hulala moja kwa moja. Ukimtoa nje, mwili huhitaji saa nne hadi tano kupunguza nusu tu ya sumu hiyo. Kwa oksijeni ya hospitali ni kama saa moja na nusu. Vichanga na mtoto aliye tumboni ndio huumia mapema. Kama kichwa cha familia nzima kinauma ndani na kupona nje, usitafute kwanza malaria wala jirani. Tafuta jiko.

Miaka kadhaa baadaye nilikuta kisa cha familia moja ya Marekani, kilichoandikwa mwaka 1921 na daktari wa macho, William Wilmer. Walikuwa wamehamia nyumba kubwa ya zamani mwaka 1912. Wakaanza kusikia nyayo, kuona watu wasiokuwepo, kuumwa vichwa. Watoto wakapauka, maua ya ndani yakanyauka. Ilikuwa tanuru bovu la kupashia nyumba joto, linatoa gesi ile ile. Nilisoma mara mbili, nikamkumbuka paka wa rafiki yangu. Tofauti ni kwamba wale hawakuwa na mama mkwe wa kumsingizia.

Sasa, kwa nini Bibi alikuwa haugui? Chumba chake kilikuwa kile cha nyuma, kilichokuwa stoo. Dirisha lake halikuwahi kuwekewa mbao, lilikuwa na wavu tu, nao umechanika, mvua inamrushia miguuni. Alikuwa anafunga mlango wake wa koridoni kwa sababu ya baridi. Mwanawe alikuwa akiahidi kulitengeneza dirisha lile tangu Idi, mara Krismasi, mara Pasaka. Tulikuwa tumempa mama yule chumba kibovu kuliko vyote, kikamwokoa, na kupona kwake tukakufanya ndiyo kosa lake.

Sitawadanganya kwamba mtaa wote uliamini. Wapo walionisikiliza kwa adabu kisha wakasema, "Sawa sista, lakini mkaa huo nani aliupulizia?" Hata hivyo majiko yalirudi uani, hilo nililiona.

Rafiki yangu hakusubiri ushauri wa mtu. Alipotoka hospitali alimwambia mumewe apige simu kwa ndugu yake Shinyanga. Jibu lilitutia baridi. Bibi alikuwa hayupo tena kijijini. Vijana wawili wasiofahamika walikuwa wamepita wakiulizia analala chumba gani, na yule ndugu akamwondosha usiku huo huo, akampeleka mjini kwa dada yake.

Tulisafiri wawili, pamoja na mtoto. Nauli yangu nililipa mwenyewe. Njia nzima hatukuzungumza sana. Kuanzia Morogoro hadi Singida nilikuwa natunga maneno, na kila nikiyapanga yalikuwa yananitetea mimi.

Tulimkuta ameketi uani anachambua karanga. Rafiki yangu alipiga magoti pale pale mlangoni, na mtoto mgongoni, akaanza kulia kabla ya kusalimu. Bibi hakumwambia ainuke. Alisema, "Mlete mtoto." Akampakata, akamfunua macho, akampima mkono kwa vidole viwili kama tunavyofanya kliniki. Aliporidhika ndipo akasema, "Haya, simama. Utachafua gauni."

Kisha akanigeukia mimi. "Na wewe uliyesoma?"

Yale maneno ya njiani sikuyaona tena. Nilimwambia, "Bibi, nilijua kuhusu macho yako. Nilijua tangu siku ya kwanza, nikanyamaza."

"Nilijua kwamba unajua," alisema. Akasogeza ungo wa karanga katikati yetu. Tukachambua mpaka jua likazama.

Hakurudi nasi. Alisema atakuja akipenda. Alipenda mwezi wa Desemba, na mtaa mzima tulikwenda kumlaki, wengine kwa mapenzi na wengine, nadhani, kwa kuona kama tumesamehewa. Mwanawe alikuwa amekipaka rangi kile chumba cha nyuma na hatimaye ameweka dirisha, la mbao mpya, linafunga barabara. Alimwonyesha kwa fahari. Bibi alikaa kitandani, akalitazama. Mvua za vuli zilikuwa bado hazijakatika, na nje kulikuwa kunanyesha. Akainuka, akaburuta ndala zake hadi ukutani, akalisukuma dirisha wazi hadi mwisho, akaweka tofali lisijifunge.

"Hapa sasa," alisema, akaomba apewe mtoto.